Kuku mzima wa kuoka kwa ndimu na majani: namna ya kumpika bila oveni mpaka aive mfupani

Kwenye nyumba nyingi za vijijini kuku mzima hachinjwi siku yoyote tu. Huchinjwa mgeni akifika, mtoto akifaulu mtihani au sikukuu ikiingia. Na kuku akishachinjwa hakuna wa pili wa kurekebishia makosa. Kwa hiyo inauma kumwona akitoka motoni mweusi kwa nje huku paja likitoa damu, au kidari kimekauka hadi watoto wanakiacha pembeni ya sahani. Linalouma zaidi ni wageni kurudi kwao na tumbo la kuhara.

Makala haya yanaeleza namna ya kuoka kuku mzima aliyelowekwa kwenye maji ya ndimu au limau, chungwa na majani ya viungo. Vyote hivi vinapatikana sokoni au nyuma ya nyumba. Oveni si lazima. Sufuria nzito yenye mfuniko, mkaa na saa ya simu vinatosha.

Kwanza, mjue kuku wako ana umri gani

Kosa linaloharibu kuku wengi hutokea kabla moto haujawashwa: kumpika kuku wa kienyeji kwa maelezo yaliyoandikwa kwa ajili ya kuku wa kisasa. Kuku wa nyama wa kisasa huchinjwa akiwa na wiki tano hadi saba. Misuli yake haijafanya kazi, nyama yake ni laini, na saa moja na robo ya moto wa wastani inamtosha. Kuku wa kienyeji wa miezi sita, achilia mbali jogoo wa miaka miwili aliyekuwa akifukuzana na wenzake kutwa nzima, ni habari nyingine. Kati ya misuli yake kuna nyuzi ngumu zinazohitaji joto na unyevu kwa muda mrefu ndipo zilainike na kugeuka kuwa ule ute unaonata midomoni unapokunywa supu. Ukimweka kwenye moto mkavu kwa saa moja, maji yatatoka na nyuzi zitabaki, na mtatafuna mpaka taya zichoke.

Kupima umri si vigumu. Bonyeza ncha ya mfupa wa kidari, ule wa chini kuelekea tumboni. Ukipinda kama sikio, kuku ni mchanga. Ukiwa mgumu kama fimbo, amekomaa. Kwa jogoo, angalia mwiba wa nyuma ya mguu: pora ana kinundu tu, jogoo mzee ana mwiba mrefu uliochongoka. Magamba ya miguu nayo husema kitu, kwa kuwa kwa kuku mchanga ni laini na yanang'aa, na kwa mzee yamekakamaa.

Kuku wa mayai waliomaliza kutaga, ambao huuzwa kwa bei nafuu kwa mkupuo, wahesabu pamoja na wazee hata kama mwili wao ni mdogo. Chotara yuko katikati. Ukiwa na shaka mfanye kama wa kienyeji, maana kuku laini aliyechemshwa kidogo bado analika, lakini mgumu ambaye hakuchemshwa hana dawa.

Jambo jingine ni afya. Kuku aliyekufa mwenyewe haliwi, hata kama alikuwa mzima jana. Vivyo hivyo yule uliyemkuta amejikunyata, anahara kijani au amepinda shingo. Hizo ni dalili za mdondo, ambao sehemu nyingine huitwa kideri, na kuna magonjwa mengine yanayofanana nao. Kumwahisha kisu "kabla hajafa" ni mazoea yanayosambaza ugonjwa kwenye banda la jirani kupitia manyoya, damu na matumbo yanayotupwa ovyo, na yakiwa ni mafua ya ndege hatari inamfikia hata anayemchinja. Mfukie au mteketeze, kisha mwarifu ofisa mifugo. Na kama kuku alipewa dawa, soma karatasi ya dawa uone ni siku ngapi zinapaswa kupita kabla ya kuliwa.

Kuchinja, kunyonyoa na kusafisha

Mwache damu ichuruzike yote. Maji ya kunyonyolea yasiwe yanatokota. Yakiwa ya moto kiasi kwamba huwezi kuacha kidole ndani, bila kufika kwenye kuchemka, yanafaa. Yakizidi, ngozi inaiva, na utakapovuta manyoya itachanika. Kwa mchuzi hilo si kitu, ila kuku wa kuoka anahitaji ngozi yake nzima kwa sababu ndiyo inayozuia kidari kisikauke. Mzamishe nusu dakika hadi dakika moja huku ukimgeuza, kisha jaribu unyoya wa bawa. Ukitoka kwa kuvuta mara moja, mtoe.

Unapotoa vya ndani, usipasue matumbo wala kifuko cha nyongo. Nyongo ikimwagika, kata na utupe sehemu iliyoguswa, kwa kuwa uchungu wake hauoshwi ukaisha. Toa pia kile kifuko cha chakula kilicho chini ya shingo, ambacho wengi hukisahau kwenye kuku wa kuoka, na ile tezi ndogo ya mafuta juu ya mkia, maana ikipata moto inatoa harufu mbaya.

Sasa suala la kuosha. Mwaka 2014 mamlaka ya usalama wa chakula ya Uingereza iliwaomba watu waache kuosha kuku mbichi kwa sababu matone ya maji yanarusha vimelea aina ya Campylobacter hadi kwenye sinki, vyombo na nguo. Ushauri huo una maana kubwa kwa kuku wa dukani aliyekwisha kusafishwa. Kuku uliyemchinja mwenyewe uani lazima aoshwe, ana damu na vinyoya. Lakini kiini cha ushauri kinabaki palepale: muoshe ndani ya beseni lenye maji yaliyotulia, chini, mbali na vyombo safi na mbali na nyanya za kachumbari. Usimweke chini ya bomba linalofunguliwa kwa nguvu. Maji hayo yamwagwe mbali, na beseni, kisu na mikono vioshwe kwa sabuni. Mfute kuku kwa kitambaa safi ambacho hakitarudi kwenye sahani.

Ndimu inafanya nini hasa?

Watu wengi wanaamini ndimu inaua vijidudu, na kwamba kuku aliyelala kwenye ndimu usiku kucha ni salama zaidi na laini zaidi. Yote mawili si kweli.

Maji ya ndimu na limau yana asidi nyingi, takriban asilimia 5 hadi 6. Asidi hiyo ikigusa nyama hubadilisha sura yake: utaona inakuwa nyeupe kama iliyopikwa. Lakini haikupikwa. Vimelea vilivyo ndani zaidi havijaguswa, na hata vya juu haviishi vyote. Kinachoua vimelea vya kuku ni joto. Kuhusu ulaini, asidi hulegeza sehemu ya juu kabisa kwa muda mfupi, na ikiachwa saa nyingi sehemu hiyo inakuwa kama unga wa chaki mdomoni huku ndani hakuna kilichobadilika. Kwa kuku mzima mwenye ngozi, saa moja hadi tatu zinatosha. Usiku kucha kwenye ndimu tupu ni kupita kiasi.

Chungwa ni pole zaidi. Asidi yake ni karibu asilimia 1 tu, na lina sukari inayosaidia ngozi kupata rangi ya kahawia. Sukari hiyohiyo ndiyo huungua upesi kwenye moto mkali, kwa hiyo chungwa linataka moto wa wastani. Nikichagua mwenyewe, nachanganya: ndimu kwa ukali, chungwa kwa utamu na rangi. Na usidanganyike na ganda la kijani. Machungwa ya huku kwetu, yakiwemo ya Muheza yanayojaza masoko ya Dar es Salaam msimu ukifika, huiva yakiwa bado ya kijani kwa sababu usiku wetu hauna baridi ya kutosha kuyageuza rangi. Lipime kwa uzito mkononi, kwa kuwa zito ndilo lenye maji.

Ganda lenyewe ni hazina ambayo wengi huitupa. Harufu ya limau na chungwa imo kwenye vifuko vidogo vya mafuta vilivyo juu ya ganda, zaidi kuliko ndani ya maji yake. Osha tunda vizuri kuondoa vumbi na dawa za shambani, kisha kwangua ile rangi ya juu tu. Mweupe wa chini yake ni mchungu. Kama huna kikwangulio, menya nyembamba kwa kisu na utwange pamoja na kitunguu saumu.

Kinachoingia ndani ya nyama kweli ni chumvi. Viungo vingine vyote, majani, tangawizi na pilipili, hubaki karibu na uso wa nyama, milimita chache tu. Chumvi hutangulia kuvuta maji nje, kisha maji hayo yenye chumvi hurudi ndani taratibu, nayo nyama hushika unyevu wake vizuri zaidi motoni. Kwa hiyo ukiwa na muda kidogo, tumia muda huo kwa chumvi. Mpake kuku chumvi kwanza, nje na ndani ya tumbo, halafu ndipo viungo vingine vifuate.

Vipimo na majani

Kwa kuku mmoja wa kilo moja na nusu aliyesafishwa, tayarisha chumvi kijiko kimoja cha chakula kisichojaa, ndimu tatu au limau kubwa mbili, chungwa moja na ganda lake lililokwanguliwa, tembe saba au nane za kitunguu saumu, tangawizi ukubwa wa kidole gumba, pilipili manga nusu kijiko cha chai, na mafuta ya kula vijiko vitatu vya chakula. Anayependa pilipili kali atwange moja au mbili. Kuku mdogo wa kilo moja apunguziwe chumvi kwa theluthi.

Majani ni yale uliyonayo. Giligilani, ambayo Wakenya huiita dania na watu wa Pwani kotmiri, hupatikana karibu kila soko. Rozimari ina nguvu, vijiti viwili vinatosha, na huvumilia moto kuliko majani mengine. Zaatari kavu inauzwa kwenye maduka ya viungo ya Pwani, na kijiko kimoja cha chai kinakwenda vizuri sana na limau. Mrehani nao unafaa. Mchaichai haulainiki, usiutwange kwenye viungo vya kupaka bali uponde shina na uliweke ndani ya tumbo la kuku pamoja na nusu ya ndimu iliyokamuliwa. Majani machanga mawili matatu ya mlimau yanaweza kukaa humohumo.

Twanga kitunguu saumu, tangawizi, ganda la chungwa na majani kwenye kinu. Ongeza mafuta na maji ya matunda. Tumia bakuli la plastiki, la udongo au la kioo. Sufuria tupu ya aluminiamu huliwa na asidi, na nyama hupata ladha ya chuma.

Sasa ingiza vidole taratibu kati ya ngozi na nyama ya kidari, kuanzia upande wa shingo, mpaka ngozi iachane bila kuchanika. Majani yaliyotwangwa mengi yaende humo chini ya ngozi. Hapo ndipo yanapogusa nyama, na hapo hayaungui. Majani mabichi yaliyopakwa juu ya ngozi huwa meusi na machungu kabla kuku hajaiva. Kwenye mapaja chanja mara mbili hadi karibu na mfupa, ili viungo na joto vifike. Kidari usikichanje.

Muda wa kuloweka unategemea friji. Mwenye friji amwache saa mbili au tatu, amefunikwa, kwenye rafu ya chini ili maji yake yasidondokee chakula kingine. Asiye na friji asizidishe saa mbili, na siku ya joto kali la zaidi ya nyuzi 32 isizidi saa moja. Ni muda mfupi, lakini vimelea huongezeka haraka kwenye nyama yenye vuguvugu, na baadhi huacha sumu ambayo hata moto hauiondoi.

Hapa kuna mvutano ambao ni vyema uelezwe wazi. Kuku akishachinjwa mwili hukakamaa kwa saa chache kabla ya kulegea tena, na nyama iliyopikwa wakati wa kukakamaa huwa ngumu. Mwenye friji humpumzisha nusu siku, au tangu jana yake, na tatizo linaisha. Asiye na friji hana nafasi hiyo, na hapaswi kuitafuta kwa kumwacha kuku kwenye kapu jikoni kutwa. Njia yake ni kuchemsha kwanza, hata kwa kuku mchanga, dakika kumi na tano hadi ishirini.

Wa kienyeji huchemshwa kwanza

Mweke kuku mzima kwenye sufuria, maji yamfikie nusu, chumvi, tangawizi na kitunguu. Yakichemka punguza moto, maji yawe yanacheka tu. Mtetea wa miezi sita au saba atahitaji kama dakika arobaini na tano, na jogoo mzee saa moja na nusu au zaidi. Simama pale uma unapoingia kwenye paja bila kusukumwa sana lakini mguu haujaachana na mwili. Mtoe, mchuje, mkaushe, kisha umpake viungo angali moto: ngozi na nyama iliyolegea hupokea harufu vizuri. Hapo haina haja ya kusubiri zaidi ya robo saa kabla ya kwenda kwenye moto. Kama ulitia chumvi ya kutosha kwenye maji, punguza ile ya viungo.

Maji hayo usimwage. Yachemshe tena, yatie limau kidogo na giligilani, na wageni wapate supu wakati kuku anaokwa. Wako wanaosema kumchemsha ni kumwibia ladha. Ladha imehamia kwenye supu, na supu iko mezani.

Moto juu, moto chini

Mama na bibi wa Pwani wamekuwa wakioka mikate ya kumimina kwa kupalia mkaa juu ya mfuniko miaka mingi kabla ya oveni za umeme kufika. Kuku huokwa kwa njia hiyohiyo. Tafuta sufuria nzito, pana kiasi cha kuku kukaa bila kugusa kuta, na mfuniko bapa wa bati au chuma wenye ukingo wa kuzuia makaa yasianguke. Ndani, chini, panga vipande vinene vya viazi, karoti au vitunguu ili kuku asiguse chuma. Hivyo vitakunywa mafuta yake na pengine vitagombaniwa kuliko nyama yenyewe. Maji usitie. Ukitia maji utakuwa unamchemsha, na ngozi haitakauka.

Njia nyingine ni kumwaga mchanga mkavu uliooshwa, kina cha vidole vitatu, ndani ya sufuria kubwa, kisha kuweka sufuria ndogo yenye kuku juu yake. Mchanga hugawa joto sawasawa na hausameheki haraka kama bati. Unachelewa kupata moto, kwa hiyo anza kuupasha nusu saa kabla.

Makaa yagawanywe: robo chini, robo tatu juu. Wengi hufanya kinyume na hapo ndipo mgongo wa kuku unaungua huku kidari kikiwa cheupe. Makaa yawe yamewaka yote na kuanza kufunikwa na majivu. Usiwashie mkaa kwa mfuko wa plastiki, kwa kuwa moshi wake una sumu na huingia kwenye chakula. Na usiokee ndani ya chumba kilichofungwa. Mkaa unaowaka hutoa hewa isiyo na harufu wala rangi ambayo huua watu waliolala. Jiko likae nje au kwenye jiko lililo wazi pande mbili.

Je, moto umefaa? Kuna kipimo cha zamani. Weka kipande cha karatasi nyeupe ndani ya sufuria tupu iliyofunikwa. Ikigeuka kahawia hafifu kwa muda wa dakika tano, ni joto la wastani. Ikiwa nyeusi, ondoa makaa kidogo. Isipobadilika, ongeza.

Mfute kuku maji ya viungo yaliyobaki juu ya ngozi, mpake mafuta kidogo, funga miguu kwa uzi wa pamba au kamba ya mgomba, na umweke mgongo chini. Kuku wa kisasa wa kilo moja na nusu atachukua saa moja na robo hivi. Wa kienyeji aliyechemshwa anahitaji dakika thelathini hadi arobaini tu, maana ameshaiva, unamtafutia ngozi na harufu. Usifunue kila mara. Kila ukifunua joto linatoka, na makaa ya juu yanaweza kumwaga majivu. Funua mara moja katikati ya muda kumpaka mafuta yaliyochuruzika, na ongeza makaa mapya juu kama ya kwanza yamekuwa majivu matupu.

Aliye na oveni ya umeme au ya gesi aipashe hadi nyuzi 190, na ahesabu dakika ishirini kwa kila nusu kilo, kisha aongeze dakika ishirini.

Anayetaka kubanika juu ya jiko la mkaa bila sufuria asimweke kuku mzima kama alivyo. Duara lake haliivi sawasawa. Kata pande zote mbili za uti wa mgongo kwa kisu kizito au mkasi, toa uti huo uende kwenye supu, kisha mfungue kuku na umkandamize kifuani mpaka alale bapa. Sukuma makaa upande mmoja wa jiko. Mlaze upande usio na makaa, mifupa chini, umfunike kwa sufuria iliyopinduliwa kwa dakika thelathini na tano hivi, kisha umalizie ngozi juu ya makaa dakika chache. Hii ndiyo njia ya haraka kuliko zote, na ni jamaa wa karibu wa kuku wa pilipili na limau anayebanikwa Msumbiji.

Ameiva au bado?

Kipimo cha uhakika ni joto la nyuzi 74 kwenye sehemu nene ya paja, karibu na mfupa lakini bila kuugusa. Vipimajoto vya jikoni vinauzwa mijini na vinadumu, na anayepika kwa biashara anunue. Asiye nacho achome kisu mahali paja linapoungana na mwili. Maji yanayotoka yawe meupe yasiyo na wekundu, nyama isiwe na mng'ao wa ubichi, na mguu uchezeke kwenye kiungo chake ukiuvuta. Angalia dalili zote tatu pamoja, kwa sababu moja peke yake hudanganya. Kuku wa kisasa, kwa mfano, mifupa yake michanga huvujisha rangi, na utaona wekundu wa giza karibu na mfupa hata kama ameiva. Ukiwa na shaka mrudishe dakika kumi na tano. Hakuna aliyewahi kuumwa kwa kuchelewa kula.

Tumbo lisijazwe wali au mkate kabla ya kuoka, hata kama umeona picha. Joto huchelewa kufika katikati, na wali huo hunywa maji ya kuku mbichi. Pika wali pembeni.

Viungo vilivyobaki kwenye bakuli alimolowekwa kuku mbichi si kachumbari wala mchuzi wa kuchovya. Vitupe, au vichemshe kwenye sufuria vitokote kabisa kwa dakika chache kabla ya kumwagia. Ukitaka ladha mbichi ya ndimu mezani, weka kando ndimu moja na majani kidogo tangu mwanzo. Kuku aliyeiva asirudishwe kwenye sahani au ubao alikokuwa mbichi.

Akitoka motoni mwache dakika kumi hadi kumi na tano kabla ya kumkata, ili maji yatulie ndani ya nyama badala ya kumwagika kwenye sinia. Anza na mapaja, kisha mabawa, halafu kata kidari kwa kukingamisha nyuzi. Nani apate nini ni suala la kila nyumba. Kwa Waluhya wa magharibi mwa Kenya, firigisi ni ya mwenye nyumba au mgeni wa heshima na kosa lake halisahauliki kirahisi, kwa hiyo uliza kabla ya kuikaangia watoto.

Kilichobaki kikiliwa usiku uleule ni sawa. Bila friji, nyama ya mchana isingojee asubuhi. Ikiwa lazima ipashwe, ipashwe mpaka itoe mvuke katikati, mara moja tu. Mifupa, shingo, miguu iliyomenywa na ule uti wa mgongo vikichemshwa saa mbili na kipande cha tangawizi hutoa supu ya pili. Ganda la ndimu lililokuwa tumboni liondoe kabla, maana likichemka muda mrefu huitia supu uchungu.